Polisi na Deni: Mpaka Uko Wapi?

Kwa kawaida sisi wa kidato cha tatu huandika humu juu ya ngeli, methali na tamathali za usemi. Mimi nimemwomba mlezi wa chama aniruhusu niandike somo la namna nyingine. Amekubali, lakini kwa sharti kwamba nianze na maneno, kwa kuwa hiki ni chama cha lugha wala si chama cha mawakili.

Haya basi, maneno yenyewe ni mawili: jinai na madai. Jinai ni kosa ambalo mtu akilitenda huhesabiwa kuwa amelikosea taifa zima, si yule aliyeumizwa pekee. Ndiyo sababu kesi yake huandikwa kwa jina la Jamhuri dhidi ya fulani. Wizi, kupiga mtu, kughushi hati, kuvunja duka, yote hayo ni jinai, na kazi ya kuyapeleleza ni ya polisi. Madai ni mzozo wa haki baina ya mtu na mtu: umenikopa hujanilipa, umevunja mapatano yetu, kodi ya nyumba imekawia, mpaka wa shamba umesogea. Hapa Jamhuri haimo. Anayelalamika huitwa mdai, anayelalamikiwa ni mdaiwa, na wa kuwaamua ni mahakama.

Matata yanaanzia mtaani, ambako tumelitwaa neno moja tukalifanyisha kazi zote. Jirani akikasirika husema, "Nitakushtaki!" Haelezi atakushtaki kwa nani. Kwa mzee wa mtaa? Kwa chifu? Kwa kadhi? Kwa hakimu? Mara nyingi maana yake ni kituo cha polisi. Wazee wetu wa Kimvita walikuwa na neno zuri la deni, kuwia. Mtu husema "nawiwa na fulani", yaani fulani ananidai. Katika neno hilo hamna pingu wala seli. Sijui lini tulianza kulisikia deni na papo hapo tukaliona gari la polisi.

Sasa niseme kilichonifanya niandike.

Babangu ni fundi seremala hapa upande wa Likoni. Karakana yake ni kibanda cha makuti na mabati mawili matatu. Mwaka juzi alijiwa na mteja aliyetaka kitanda na kabati kwa ajili ya arusi ya mwanawe. Wakapatana shilingi 30,000, na mteja akatoa arubuni ya 18,000. Hapakuandikwa kitu, walishikana mikono tu. Baba akanunua mbao za mwembe siku ya pili yake, akazianika. Kabla hajafika mbali, msumeno ukamkata kiganja cha kulia, akashonwa nyuzi, akakaa mwezi mzima hawezi kushika randa. Siku za arusi zikakaribia. Mteja akaja mara ya kwanza kwa upole, mara ya pili kwa makelele. Baba akamwomba wiki mbili zaidi, ama achukue mbao zake apeleke kwa fundi mwingine. Mteja hakutaka mbao, alitaka pesa, na pesa zilikuwa zimekwisha kugeuka mbao.

Nitasema kweli hata kama ni baba yangu: alikosa. Alipokatwa mkono hakumpigia mteja simu kumweleza, akangoja mpaka mtu akaja mwenyewe. Mteja naye alikuwa na haki ya kupandwa na hasira, maana arusi haingoji kiganja kipone.

Ijumaa moja baada ya alasiri wakaja maafisa wawili. Hawakuwa na karatasi. "Mzee, kuna mtu amekulalamikia, twende kituoni tukazungumze." Baba akafuta mikono akaenda, kwani mtu asiye na kosa ataogopa nini? Usiku ulipoingia, mamangu akaenda kumwuliza. Akaambiwa yumo ndani, na kwamba atatoka zikija elfu kumi na nane. Akauliza ameshtakiwa kwa kosa gani. Akajibiwa, "Mama, wewe leta pesa za watu." Jumamosi mama akauza cherehani yake, ile ya kukanyaga kwa miguu, kwa bei ambayo hata kuitaja naona haya. Pesa nyingine akakopa kwa wenzake wa mchezo. Jumapili jioni mteja alizihesabu pesa zake juu ya meza ya kituo, mbele ya afisa, baba akafunguliwa. Hapakuwa na risiti, wala hatukupewa namba ya OB. Kituo chenyewe sikitaji, na mteja simtaji, kwani hawapo hapa kujitetea.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiuliza swali moja kwa kila mtu mzima anayekubali kunisikiliza: je, walikuwa na mamlaka hayo?

Jibu la kwanza nililipata katika Kanuni ya Adhabu, sura ya 63 ya sheria za Kenya. Kosa ambalo watu hulitaja sana pakiwa na arubuni iliyopotea ni kujipatia mali kwa udanganyifu, kifungu cha 313, adhabu yake kifungo cha miaka 3. Lakini kifungu kinachotangulia, cha 312, kimeeleza udanganyifu wenyewe ni upi. Ni maelezo ya jambo lililopita au lililopo sasa, ambalo si kweli, na mwenye kulisema anajua kuwa si kweli au haamini kuwa ni kweli. Tazama vizuri, msomaji mwenzangu: lililopita au lililopo. Halimo litakalokuja. Mtu akikwambia "mimi ni wakala wa shamba hili" na si wakala, amekudanganya juu ya jambo lililopo, hiyo ni jinai. Mtu akikwambia "nitakumalizia kitanda baada ya wiki tatu" kisha asimalize, amevunja ahadi. Ahadi iliyovunjwa ni kesi ya madai. Walimu wetu hutufundisha nyakati za vitenzi tukaona ni za kupitia mtihani tu, kumbe -li-, -na- na -ta- zaweza kumtenga mtu na seli!

Hata hivyo tusiwe wepesi. Kuna fundi anayechukua arubuni za watu kumi kwa kazi ambayo hana nia ya kuianza hata siku moja, na kila mmoja anaonyeshwa karakana ambayo si yake. Kuna watu Kisauni waliouziana kiwanja kimoja mara nne, tano, kila mnunuzi na karatasi yake. Huyo muuzaji anaweza kudaiwa arudishe pesa na wakati huohuo akashtakiwa kwa jinai. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, kifungu cha 193A, inasema wazi kwamba kuwepo kwa kesi ya madai juu ya jambo hilohilo si sababu ya kusimamisha kesi ya jinai. Vilevile mweka hazina wa chama aliyekabidhiwa pesa za wenzake akazila anaweza kushtakiwa kwa wizi, hata akisema "nilizikopa tu". Kwa hiyo polisi wakipokea malalamiko hawajakosea. Wana haki ya kuuliza, kuandika maelezo ya pande zote mbili na kutaka kuona risiti. Wakimtaka mtu afike kituoni kusaidia upelelezi, Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011, kifungu cha 52, inawataka wamwite kwa maandishi, na iwe ni kwa kosa linalodaiwa kutendwa. Kwa baba yangu, afisa angeuliza swali moja tu, "mbao ziko wapi?", angeonyeshwa mbao zimeanikwa uani na shughuli ingekwisha hapo. Angemwambia mteja aende mahakamani.

Kosa liko pale afisa anapokuwa mpelelezi, hakimu na mkusanya madeni kwa pamoja.

Jambo hili si langu peke yangu kulisema. Mwaka 2013 Mahakama ya Rufani ya Kenya iliamua kesi baina ya Kamishna wa Polisi pamoja na Mkurugenzi wa Upelelezi kwa upande mmoja, na Kenya Commercial Bank na wenzake wanne kwa upande wa pili. Palikuwa na mzozo wa mkopo wa benki uliokuwa umezunguka mahakamani kwa miaka mingi, na polisi wakawa wanataka kuufungulia upelelezi wa jinai. Majaji walikubali kwamba kupeleleza ni kazi ya polisi na mahakama haipaswi kuwaingilia ovyo. Ila walisema pia kwamba si kwa manufaa ya umma kuifanya sheria ya jinai iwe kete ya mchezo katika mzozo wa madai, na ni dhuluma polisi kujiingiza kusuluhisha jambo ambalo ni la madai matupu na liko mbele ya mahakama. Ikiwa benki kubwa yenye mawakili ilihitaji kinga hiyo, fundi wa mbao za mwembe ataihitaji mara ngapi?

Kuna na hili la kufungwa kwa deni. Wengi hudhani ukishindwa kulipa unafungwa. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ambao Kenya ilijiunga nao mwaka 1972, unasema katika kifungu cha 11 kwamba mtu asifungwe kwa sababu tu ameshindwa kutimiza wajibu wa mkataba. Mwaka 2010 Jaji Martha Koome, ambaye tangu 2021 ni Jaji Mkuu, aliutegemea mkataba huo katika uamuzi wa kumkinga mdaiwa na jela. Majaji wengine baadaye hawakwenda naye njia moja, na jela ya madai bado imo katika sheria zetu. Lakini tazama ilivyowekewa vizuizi: ni lazima kuwe na hukumu ya mahakama, mdaiwa apewe nafasi ya kujieleza, kifungo kisizidi miezi 6, na gharama ya kumlisha gerezani hutolewa na yule anayemdai! Mamangu alipolisikia hili la mwisho alicheka kwa mara ya kwanza katika habari hii yote. Alisema yeye ndiye aliyepeleka wali na maharagwe kituoni siku mbili.

Sasa saa 24. Kila mtu mtaani anaijua hesabu hiyo, hata mtoto wa darasa la sita. Kifungu cha 49 cha Katiba ya 2010 kinasema aliyekamatwa aambiwe upesi sababu, kwa lugha anayoifahamu; ana haki ya kunyamaza; ana haki ya kuwasiliana na wakili na watu wengine anaohitaji msaada wao; na afikishwe mahakamani kabla ya saa 24 kwisha. Lakini soma mpaka mwisho. Ikiwa saa hizo zinaishia nje ya muda wa mahakama, au siku ambayo si ya mahakama, basi huongezwa mpaka mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Anayekamatwa Ijumaa jioni anaweza kukaa mpaka Jumatatu na hesabu isiwe imevunjwa. Nadhani sasa mmefahamu kwa nini watu wa madeni hupenda Ijumaa. Baba alitoka Jumapili, kwa hiyo kwa jicho la karatasi saa 24 hazikuvunjwa. Kilichovunjwa ni vingine. Hakuambiwa kosa, hakuelezwa habari ya dhamana, na lililokuwa likimweka ndani halikuwa upelelezi bali elfu kumi na nane.

Msinielewe kuwa nasema polisi wasiingie kabisa katika mambo ya watu wawili. La hasha. Wadeni wakishikana mashati, mmoja akatoa panga, polisi na waje mbio. Na kuna kosa la upande wa pili ambalo naona ni baya zaidi. Mwanamke anapigwa nyumbani, anakwenda kuripoti, anaambiwa "hayo ni mambo ya mke na mume, nendeni mkasuluhishane". Huo si mzozo wa madai hata kidogo. Kupiga ni jinai, awe mpigaji ni mume ama mpita njia, na tangu 2015 tuna sheria maalumu ya kuwakinga watu na dhuluma za nyumbani inayowapa polisi wajibu wa kumsaidia aliyeumizwa. Inashangaza kwamba mlango uliofungwa kwa mama huyo ndio ulio wazi kwa mwenye kudai pesa za kitanda.

Ardhi nayo siwezi kuiruka, kwa sababu mimi ni mtoto wa bara ya Mombasa, na huku nyumba nyingi za Likoni, Kisauni na Changamwe zimejengwa na mtu juu ya kiwanja cha mtu mwingine. Mwenye nyumba si mwenye shamba, na kila upande una la kusema. Wote tunalijua shamba la Waitiki hapa Likoni, ekari 930. Katika machafuko ya 1997 mwenyewe aliondoka na watu wakaingia wakajenga. Hati ilikuwa ya mmoja, maisha ya maelfu yakawa juu yake, na mwishowe serikali ikalinunua kwa shilingi bilioni 1.1, na mwezi wa Januari 2016 Rais Uhuru Kenyatta akaja kutoa hatimiliki kwa wakaazi. Jambo kubwa namna ile askari na rungu lake angelimalizaje?

Kwa ardhi ya mtu binafsi, Sheria ya Ardhi kama ilivyorekebishwa 2016 inataka anayekaa bila haki apewe ilani ya maandishi ya si chini ya miezi 3 kabla ya kuondolewa. Ilani hiyo hupelekwa pia kwa naibu wa kamishna wa kaunti na kwa mkuu wa polisi wa eneo. Kwa hiyo polisi hujulishwa mapema, na siku ya siku huja kulinda watu wasiumizane. Kuamua shamba ni la nani si juu yao. Hiyo ni kazi ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Hata dalali wa mahakama akiona kuna hofu ya vurugu, au atalazimika kuvunja mlango, huomba kwanza amri ya mahakama ndipo apate ulinzi wa polisi.

Mlezi wa chama aliposoma rasimu yangu aliniuliza: "Kama ni hivyo, kwa nini watu huendelea kukimbilia kituoni?" Nililala na swali lile. Jibu langu ni kwamba kituo kiko karibu, hufunguliwa usiku na mchana, hakuna ada, na kinatia hofu. Mahakama iko ng'ambo ya feri, ama Shanzu kwa wenzetu wa Kisauni, na kwa mtu wa kawaida ni mahali pa wakili, kofia na Kiingereza. Hata historia inachangia. Polisi wa Kenya husimulia mwanzo wao kutoka kwa walinzi wa maghala ya wafanyabiashara hapahapa Mombasa, miaka ya mwisho ya karne ya 19. Kulinda mali ya mwenye mali ndiko kuliko wazaa.

Lakini kuna mlango ambao mteja wa baba hakuujua, nasi pia hatukuujua. Ni Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya 2016 na kuanza kazi Nairobi mwaka 2021, kisha ikafika miji mingine, Mombasa ikiwemo. Husikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni 1: bidhaa ulizouziwa, kazi uliyolipia isifanywe, pesa ulizomshikisha mtu, mali iliyoharibiwa. Hulazimiki kuwa na wakili. Waweza kujieleza kwa Kiswahili. Na hukumu yatakiwa itoke ndani ya siku 60. Fikiri kama yule mteja angekwenda huko. Angeshinda, nasema wazi, kwa sababu baba alikuwa anawiwa kweli. Lakini mwamuzi angezisikia na habari za kiganja na za mbao, labda angempangia baba alipe kidogo kidogo, na cherehani ingekuwa bado iko barazani kwetu. Kodi ya nyumba ikiwa haizidi 2,500 kwa mwezi kuna baraza la wapangaji na wenye nyumba, ingawa siku hizi chumba cha bei hiyo ni cha kutafuta kwa tochi. Talaka na urithi kwa Waislamu kuna Kadhi. Matunzo ya watoto, Tononoka.

Na mtu akishakamatwa kwa deni? Asipigane wala asikimbie. Aulize kosa lake ni lipi na aombe namba ya OB. Aombe dhamana, na akitoa pesa za dhamana adai risiti. Jamaa zake waombe kumwona OCS mwenyewe, si afisa wa kwanza aliye mezani. Asiposikilizwa, kuna IPOA, mamlaka huru ya kuwachunguza polisi iliyoundwa kwa sheria ya 2011, nayo ina ofisi Mombasa. MUHURI na Kituo cha Sheria pia huwasaidia wasio na uwezo. Sisi hatukwenda popote. Baba alisema yamekwisha, na mama akasema ana aibu ya kuanza kueleza upya habari za cherehani mbele ya watu. Nimeandika haya kwa idhini yao wote wawili.

Zile mbao zilipata mteja mwingine kwa bei ya kutupa. Siku hizi baba ana daftari la jalada gumu. Kila arubuni inaandikwa: tarehe, kiasi, kazi gani, itakwisha lini, na likitokea la kutokea mbao zitakuwa za nani. Mimi ndiye karani wake baada ya shule. Juzi mama mmoja aliyeagiza viti viwili vya jikoni alicheka sana, akauliza kama ananunua viti ama ananunua nyumba. Baba akampa kalamu, akamwambia, "Tia sahihi tu, mamangu, hapo chini ya mstari."